Gunia Lililokaa Kwenye Kiti Changu

Mwanangu Tunu,

Sikupanda ile ndege. Naanza na hilo kwa sababu tangu asubuhi nimeharibu karatasi nyingi, na kila moja ilianza na salamu, ikaendelea na dua, ikaishia kwenye kapu la taka kabla sijafika kwenye neno lenyewe. Ile safari ya kuwatoa majeruhi, uliyokuwa ukiisikia hapa sebuleni kila wageni wakija, ukaisimulia shuleni, ukaisimulia tena mbele ya maofisa siku ya usaili, na ambayo Jumapili umeniomba nimsimulie Sajenti Kassim: rubani alikuwa Luteni Rehema, hilo ni kweli. Majeruhi walikuwapo, hilo nalo ni kweli. Lakini kiti cha kulia, ambacho siku zote nimesema nilikaa mimi, kilikaliwa na gunia la mchanga.

Basi, limekwishaandikwa. Nitakueleza ilivyokuwa, na mwishoni nitakuambia na jambo la pili, ambalo mpaka leo sijui kama Luteni Rehema mwenyewe aliwahi kulijua.

Umekwenda Mbagala kumuaga shangazi yako, na najua huko utachelewa, maana shangazi yako haagi mtu bila kulia kwanza, kisha kula, kisha kulia tena. Hiyo ndiyo nafasi niliyoipata. Umeme umekatika tangu adhuhuri, kwa hiyo nimesogeza meza dirishani. Miguu imevimba kama ya mtu mwingine. Daktari juzi alizungumza nami kwa maneno ya kuzungukazunguka, akimtazama mama yako badala ya kunitazama mimi. Nimesoma vya kutosha kujua mzunguko ule unaishia wapi. Ukirudi kutoka huko unakokwenda, huenda usinikute, na huo ndio ukweli mwepesi kuliko mingine niliyo nayo leo.

Sitakuandikia habari za maji ya kuchemsha, chandarua, na kupiga simu. Mama yako ameshasema yote hayo na atayasema tena alfajiri ukiwa mlangoni. Sasa hivi yuko jikoni anakaanga dagaa wa kukujazia begi. Nimemwambia jeshi lina mizani na kila askari ana kikomo cha mzigo. Amenijibu kwamba yeye hajawahi kuona mizani iliyokataa dagaa. Nimeacha. Nimeishi na mwanamke huyu miaka mingi na sijawahi kumshinda kwa hoja hata ya uzito, ambayo ndiyo niliyoisomea.

Nikuambie nilivyochoka, maana leo sina hamu ya kujifanya mpole. Nimechoka na majirani. Tangu wasikie unakwenda kurusha helikopta kwenye vita vya watu, wanapita hapa mmoja baada ya mwingine kunipongeza. Jana alikuja Mzee Chande, akaketi, akaomba maji, akasema, "Mwenzangu, hongera. Umezaa dume."

Nikamwambia, "Nimezaa binti."

"Ndiyo nasema mie. Dume."

"Chande, yule ni binti. Ni kapteni na ni binti."

"Sasa unakasirika nini? Si nakusifia?"

Akanywa maji yake akaenda zake, ameridhika kabisa kwamba amenipa heshima. Na wanaokuja baada yake huuliza utaolewa lini, kana kwamba kazi ya kubeba majeruhi chini ya risasi ni ugonjwa ambao mume atakuja kuutibu. Nimeyasikia maneno haya haya nikiwa kijana, kwenye kiwanja cha nyasi karibu na ziwa, wakati wa vita vyetu. Sikutegemea kuyasikia tena nikiwa na mvi mpaka kwenye nyusi. Nilidhani yangekuwa yamechakaa.

Lakini aliyenifanya nishike kalamu si Chande. Ni Sajenti Kassim.

Ulipomleta Jumapili nilimpenda, nisikufiche. Kijana nadhifu, alivua viatu mlangoni, akaamkia vizuri, akala wali wa mama yako bila kubakiza. Ukasema, "Baba, huyu ndiye fundi wangu mkuu tunayekwenda naye. Kazi anaijua. Ila kuna jambo moja hatuelewani."

Akacheka kwa aibu. "Mzee, mie na Afande Tunu hatuna ugomvi. Ni mila za mafundi tu."

"Mila gani?" nikamuuliza.

"Ndege ikitoka matengenezo, ile safari ya kwanza ya kuijaribu, fundi anapanda. Hiyo unaijua mzee. Sasa sie tunaona, kama rubani ni mwanamke, fundi asibahatishe."

Wewe ukamdaka. "Asibahatishe nini, Kassim? Si kazi umefanya mwenyewe?"

"Kazi yangu, afande. Mkono wako."

Ulicheka. Nilikuona ukicheka, na sikupenda, nitakuambia kwa nini. Kisha ukanigeukia ukasema, "Baba, hebu msimulie."

Nami nikasimulia. Mwanangu, nilisimulia kuliko siku zote. Nilitia mawingu, nikatia risasi chini ya bawa, nikatia mpaka harufu ya dawa na damu nyuma ya kiti changu. Mama yako alisimama na sufuria mkononi kusikiliza upya hadithi aliyoizoea. Nilipomaliza Kassim akasema, "Basi mzee, kama wewe enzi zile ulipanda, mie ni nani nikatae? Nitapanda na afande."

Ukanitazama kwa shukrani, nami sikuweza kumaliza chai.

Kinachonikera kuliko vyote ni kwamba uongo ulifanya kazi. Wewe umemweleza kijana yule miezi yote habari za mafunzo yako, saa zako za angani, mitihani uliyofaulu, na hakusikia. Mzee mmoja mgonjwa akamdanganya kwa muda wa kikombe kimoja cha chai, akasadiki. Nilitaka kuyaacha hivyo hivyo. Nilijiambia, umepata ulichotaka, fundi atapanda, uongo wa zamani umefanya jambo jema, na uzikwe nami. Nimelala na wazo hilo tangu Jumapili na limekataa kukaa. Utaona sababu.

Hiyo mila anayoisema Kassim ni ya kweli, na ni nzuri. Aliyeifunga ndege ndiye anayepanda. Haikuandikwa popote wakati wetu, lakini hakuna fundi aliyekuwa mgeni nayo. Maana yake si ushujaa. Maana yake ni kwamba ukiwa chini ya injini, umechoka, jasho linakuingia machoni, unajua kwamba mwili utakaokuwa juu ya nati hiyo ni wako. Unaikaza mara ya pili.

Mimi ndiye niliyekuwa mkuu wa mafundi pale kiwanjani. Nilikuwa nimerudi kutoka ng'ambo na shahada, na majivuno yaliyokuja nayo. Luteni Rehema alipoletwa kwetu, alikuwa mfupi, msichana wa Songea mwenye sauti nzito, akitembea na mto mdogo kwapani. Ule mto aliukalia ili aone mbele ya pua ya ndege. Siku ya kwanza wanaume walisimama wakimtazama akiuweka kitini.

"Huo mto ndio rubani wa pili?" akauliza mmoja.

"Huu ndio mkufunzi wangu," akajibu. "Haunipigii kelele."

Alirusha vizuri. Nasema hivyo kwa sababu nilikuwa nikisimama chini na kutazama, na jicho la fundi haliangalii nani yuko ndani, linaangalia magurudumu yanavyogusa ardhi. Lakini mafundi wangu hawakupanda naye. Mmoja tumbo lilimsumbua. Mwingine mke wake alikuwa mjamzito na akasema ni mkosi. Wa tatu alidai mama yake alimwotea ndoto mbaya, na mama mwenyewe alikuwa Newala, barua ilichukua wiki kufika. Mimi ningeweza kuwaamuru. Neno moja lingetosha.

Badala yake nilifanya hesabu. Ndege ile ndogo ilikuwa na tabia ya kunyanyua pua kama kiti cha mbele kulia kiko kitupu. Nikakaa na kalamu, nikapata uzito unaotakiwa, nikaagiza gunia lijazwe mchanga wa ziwani wa uzito wa mtu mzima na lifungwe mkanda kwenye kiti cha fundi. Hivyo ndivyo elimu yangu ilivyotumika, mama. Taifa lilinisomesha ng'ambo, nikarudi nikagundua namna ya kisayansi ya kuwaruhusu wanaume kumkwepa mwanamke.

Kwa kuwa wazo lilikuwa langu, mtu akachukua mkaa akaandika juu ya gunia: FUNDI MKUU. Luteni Rehema alipoliona mara ya kwanza, alilipigia saluti. Ikawa desturi yake kila asubuhi.

"Habari za kuamka, Fundi Mkuu? Umelala vizuri?" Kisha ananigeukia mimi, nikiwa na bisibisi mkononi. "Huyu ananiamini kuliko wewe."

"Mimi nina kazi nyingi, Luteni."

"Na yeye ana kazi. Lakini anakuja."

Siku moja, kwa kujitetea, nilimwambia mbele ya watu: ndege hizi wanafunga wengine, siku nitakayofunga mimi kwa mkono wangu, nitapanda na wewe. Akasema, "Nimesikia. Na mashahidi wamesikia." Nilisema hivyo kwa sababu mkuu wa mafundi hushika kalamu zaidi ya spana, na nilidhani siku hiyo haitafika.

Ilifika. Fundi wa zamu aliugua homa kweli kweli, na kebo ya mkia ilikuwa imechakaa, ile inayotoka kwenye usukani kwenda kuinua na kushusha pua ya ndege. Nikaibadilisha mwenyewe, tangu asubuhi, peke yangu, nikiwa nimejikunja ndani ya tumbo la ndege. Nilikuwa ndio kwanza nimefunga kifuniko ilipofika habari kwamba kuna majeruhi ng'ambo ya mpaka, hali mbaya, na mawingu yanajikusanya. Rubani aliyekuwapo alikuwa mmoja. Alikuja akikimbia na mto wake.

"Fundi," akasema, "leo ni siku yako. Umefunga mwenyewe."

Watu walikuwa wamesimama: kamanda, mafundi, wapakiaji. Wote walikumbuka ahadi yangu. Nikasema kwa sauti ya kusikika, "Mimi sipandi na mwanamke."

Walicheka. Wengine walinipigia makofi, kama mchezaji aliyefunga goli. Luteni Rehema hakucheka wala hakukasirika. Alinitazama, akasema, "Basi mleteni mwenzangu." Wakalileta gunia. Mkanda alilifunga mwenyewe.

Sehemu inayofuata unaijua. Aliwafikia, akawapakia, akawarudisha wakiwa hai, jua likiwa limeshaanza kushuka. Hapo sikutia chumvi. Nilichokificha ni kilichotokea alipotelemka. Mikono yake ilikuwa inatetemeka. Alinijia moja kwa moja.

"Mkia unachelewa kunijibu," akasema. "Navuta, hauji. Navuta tena, ndiyo unakuja. Fungua uangalie."

Kamanda alikuwa karibu. Akasema, "Ni mikono hiyo, Luteni. Ndege hii inataka kifua."

Kicheko tena.

"Ndege hii naiendesha kila siku, afande, kwa mikono hii hii," akasema. "Leo imelegea. Fundi, sema."

Kamanda akanigeukia. "Fundi Mkuu, unasemaje?"

"Nitaangalia, afande."

"Sikukuuliza utafanya nini. Unasemaje?"

Nikasema, "Ilipoondoka ilikuwa sawa."

Wiki hiyo hiyo alitolewa kwenye urubani kwa sababu ya udhaifu wa mikono. Wakampeleka ghalani kugawa mablanketi. Aliyagawa mpaka vita vikaisha, na hakupewa ndege tena, si vitani wala baada ya vita. Wewe nilikuambia kwamba aliacha kwa hiari yake, alitaka kusoma ualimu. Ualimu aliusoma, ndiyo. Mtu ambaye hana ndege lazima afanye kitu.

Utauliza uongo wangu ulizaliwaje. Ulizaliwa Temeke, kwa wakwe zangu, siku nilipokwenda kujitambulisha. Mjomba wa mama yako alikuwa kuli wa bandarini, mtu wa kuuliza maswali kwa kukaripia. Akasema, "Tumesikia huko vitani mlikuwa na mwanamke anarusha ndege, nyie wanaume mmesimama chini mnapunga mikono. Kweli si kweli?" Mama yako alikuwa nyuma ya pazia anasikiliza. Nikajibu, "Mimi nilikuwa naye ndani." Pazia likatikisika kidogo. Mwanangu, kwa ajili ya pazia lile nimebeba gunia lile miaka yote hii. Kila niliposimulia, mama yako alinitazama kama siku ile, na mimi nikawa namwonea wivu mtu niliyemtunga.

Na kuna siku nyingine, ambayo wewe unaikumbuka kwa furaha. Ile harusi Temeke, ulikuwa mdogo, meno ya mbele yameng'oka. Mama mmoja mfupi mwenye sauti nzito alikuwa meza ya pili. Nilimwona kabla hajaniona, nikataka tuondoke, lakini mtu akamwita kwa jina na wewe ukalisikia. Ulikwenda mbio kama umeona malaika.

"Shikamoo. Wewe ndiye Luteni Rehema? Ni kweli baba alipanda na wewe?"

Aliinua macho akanitazama juu ya kichwa chako. Nilisubiri. Nilistahili chochote ambacho angekisema.

"Baba yako," akasema, "alikaa kimya njia nzima. Hakulalamika hata mara moja. Wala hakunishika mkono."

Ukageuka kunitazama, umejaa fahari. Kisha akasema, "Hebu nionyeshe mikono yako." Ukampa. Ilikuwa kama vijiti. Akaiminya, akaipindua, akaiminya tena, huku ananitazama mimi. "Hii inatosha," akasema. "Mtu yeyote asikuambie haitoshi."

Ulirudi nyumbani usiku ule ukitangaza kwamba utakuwa rubani. Niliwahi kukuuliza, ulipokuwa mkubwa, nani aliyekutia wazo hilo kichwani, ukasema, wewe baba. Sikukusahihisha.

Luteni Rehema alipofariki, hukuwapo, ulikuwa mafunzoni. Ulinipigia simu ukisema, baba, nenda ukazike kwa niaba yetu sote. Nilisema mguu unauma. Siku hizo miguu yangu ilikuwa mizima.

Sasa nataka kukuambia kwa nini kicheko chako Jumapili kilinikera. Ni kwa sababu nilikufundisha mimi. Ulipokuja likizo ya kwanza, umekonda, ukasimulia jinsi wanaume walivyoficha vifaa vyenu vya mazoezi, jinsi mkufunzi alivyouliza kama kioo cha helikopta kinakutosha kujipaka wanja, mimi nilisema: wapuuze. Cheka nao, wataacha. Ulinitii. Umekuwa hodari wa kucheka nao, na kweli wengi wameacha. Nilijiona baba mwenye hekima. Lakini nilikupa ushauri wa mtu aliyekuwa miongoni mwa wachekaji, si wa mtu aliyejua kicheko kile kilikuwa na kazi gani.

Nakueleza kilikuwa na kazi gani, na hii ndiyo sababu siwezi kuacha uondoke kesho bila barua hii. Siku zote umeamini, na mimi nimekuacha uamini, kwamba mwanamume anayekataa kupanda nawe anakudharau, na kwamba dawa yake ni wewe kuthibitisha uwezo wako. Kwa hiyo unathibitisha. Umethibitisha mpaka umechakaa. Mama, huenda ni dharau kweli, wengi ni dharau tu na wala hawana zaidi ya hapo. Lakini huko unakokwenda hutakuwa na nafasi ya kukosea hata mara moja. Mtu wa karibu yako akikataa kupanda chombo alichokifunga mwenyewe, usianze kujiuliza ana maoni gani juu ya wanawake. Usimsimulie chochote. Usicheke. Chukua bisibisi, fungua kifuniko, tazama alichokifanya, naye asimame hapo hapo unapotazama. Na ukishuka ukasema chombo kimelegea, wakasema ni mikono yako, kaa chini pale pale mpaka kifunguliwe. Hata kamanda akikasirika, kaa. Waache waite ni kiburi.

Kassim mwambie ukweli. Nilifikiri niseme usimwambie, maana akijua kwamba sikupanda huenda naye akakataa. Lakini hapana, mwambie yote, mpe na barua hii aisome. Nina imani kazi yake ni safi. Kama ni safi, atapanda bila hadithi yangu. Na kama hatapanda, utakuwa umeshajua pa kuangalia.

Mama yako nitamwambia mimi, wiki hii, kama pumzi itaniruhusu. Ikinishinda, mwambie wewe, na umwambie pia kwamba nilikuwa namwona pale nyuma ya pazia.

Kwaheri yangu naiweka hapa, kabla ya lile jambo la pili, kwa sababu nikishaliandika sitakuwa na uso wa kukuaga. Nenda, mwanangu. Sijakataza uende na sijawahi kujuta kwamba unakwenda. Dagaa wagawie wenzako. Namsikia mama yako anafungua geti, umerudi mapema kuliko nilivyotarajia, kwa hiyo naandika upesi.

Kebo ya mkia ilikuwa vipande viwili, na katikati kuna kiungio cha kuzungusha. Ukikizungusha kebo inakaza. Ukishakikaza unakitia waya mwembamba wa kukizuia, la sivyo mtikisiko wa injini utakifungua pole pole chenyewe. Kila mwanafunzi anajua. Siku ile nilipokuwa nakaza skrubu ya mwisho ya kifuniko, nilijiuliza kama nilitia ule waya, na sikukumbuka. Kufungua tena kulitaka muda, na kulitaka mimi, mkuu wa mafundi, msomi wa ng'ambo, niseme mbele ya watu wote kwamba sikumbuki. Wakati nikifikiria hilo nikamwona anakuja na mto wake, na udhuru ulikuwapo tayari, umeshatumiwa na kila mtu, hakuna ambaye angeuliza swali.

Walipokwenda kula, baada ya kicheko cha jioni ile, nilifungua kifuniko. Waya haukuwapo. Kiungio kilikuwa kimejizungusha mpaka imebaki mizunguko michache tu ya hesi ya kushikilia. Nikakikaza, nikatia waya, nikafunga. Asubuhi akapanda rubani mwanamume, akaruka, akarudi, akasema usukani uko imara kabisa. Wote wakasema, mnaona, ilikuwa mikono yake. Mimi nilikuwa nimesimama pale pale.

Sikukataa kupanda kwa sababu ya rubani, mama. Nilikataa kwa sababu nilimjua fundi.